Ulimi Chini ya Mkataba

Hakuna aliyemshika mkono Subilaga Mwakibete siku alipotia saini mkataba wa usalama. Aliitaka kazi ile. Alikuwa mhandisi wa miamba, mzaliwa wa milima ya Rungwe, na kampuni yake ilikuwa imeshinda zabuni ya kupima kituo cha serikali ambacho hakikuandikwa kwenye ramani yoyote. Alipoambiwa kwamba kituo chenyewe kiko ndani ya mlima aliokuwa akiutazama tangu utotoni, alicheka kwa furaha.

Aliyemsomea mkataba alikuwa Mzee Chilongani, afisa wa Idara ya Dhamana za Siri, Mgogo mrefu mwenye mvi na sauti ya upole. Wengine wangemsukumia karatasi na kalamu. Yeye alisoma kifungu kwa kifungu, na kila alipomaliza kimoja aliinua macho.

"Umeelewa kwamba ukishasaini hutaweza kusema?"

"Nimeelewa kwamba sitaruhusiwa kusema."

"Sivyo nilivyosema, mhandisi. Nimesema hutaweza."

Akaonyesha sahani ya chuma mezani. Juu yake kulikuwa na kitu kidogo cheusi, mtu angedhani ni punje ya ufuta. Wafanyakazi walikiita kufuli. Muuguzi alilipenyeza kwa sindano nyuma ya sikio la Subilaga, akapanguza tone la damu, na kazi ikawa imekwisha.

"Halisomi mawazo," Chilongani alimweleza. "Waza utakavyo, hiyo ni mali yako; mezani kwangu litaleta mapigo ya moyo wako tu. Linasubiri wazo linapoanza kuteremka kwenda kwenye ulimi au kwenye vidole. Likikuta ni jambo la kituo, linafunga njia. Haliumi. Utajisikia kama mtu aliyetoka kung'olewa jino."

"Na wewe mzee, unalo?"

"Maafisa wa Idara hatufungwi. Sisi tunaaminiwa kwa kiapo tu."

Subilaga aliona ni haki. Vita vya mitambo alivikumbuka vizuri. Adui alipiga kila kituo cha umeme alichojua kilipo, na taa zilipozimika hospitali ya wilaya, baba yake alikuwa kwenye mashine ya kupumulia. Kama serikali imejifunza kuficha umeme wake tumboni mwa mlima, basi naye na afiche. Akasaini kwa mwandiko mzuri.

*

Kituo kilifanya kazi hivi. Wakati wa mvua, mito ilipofurika na umeme ukawa mwingi kuliko mahitaji, pampu zilitumia ziada ile kuishindilia hewa ukaa ndani ya mapango ya mwamba mpaka ikawa nzito kama maji. Siku taifa litakapozimiwa taa tena, milango ingefunguliwa, hewa ingetoka kwa nguvu na kuzungusha mitambo ya kufua umeme. Mlima mzima ulikuwa betri. Kazi ya Subilaga ilikuwa kuusikiliza mwamba, kujua wapi unabeba na wapi unachoka.

Mwanzoni mwa kipupwe aliusikia umechoka. Upande wa mashariki, juu kidogo ya kijiji cha Ikapilo, ufa ulikuwa umefunguka na hewa ilikuwa ikivuja. Hewa ukaa haina rangi wala moshi wa kumshtua mtu. Ni nzito kuliko hewa tunayovuta, kwa hiyo huteremka mteremkoni taratibu kama maji na kutuama mahali penye bonde. Upepo ukivuma, hutawanyika. Lakini asubuhi za kipupwe, ukungu unapolala na jani halitikisiki, hukaa pale pale kama uji kwenye bakuli. Kiumbe akiingia ndani yake huhema mara chache, kisha hulala.

Na bakuli lenyewe Subilaga alilijua. Lilikuwa uwanja wa gulio la Ikapilo, chini kabisa, penye bomba la maji, ambako kila wiki akina mama kutoka vijiji vyote vya jirani walimwaga ndizi, viazi na parachichi kabla jua halijapanda.

Mbuzi wa mzee mmoja wa pale walikuwa wameshakutwa wamekufa mtaroni, na mbwa wao kando yao. Watu wakasema ni sumu. Gari la serikali likaja likachukua mizoga bila maelezo.

Subilaga aliandika taarifa. Jibu likaja: taarifa imepokelewa, ukarabati utafanyika baada ya masika ya mwakani, masharti ya usiri yanabaki yalivyo. Akaandika tena kwa maneno makali zaidi. Hakujibiwa.

*

Jioni moja, siku mbili kabla ya gulio, alikwenda kwa mdogo wake, Atupele, aliyekuwa akikanda unga wa maandazi jikoni. Atupele aliuza chai na maandazi gulioni, jirani kabisa na bomba, na alijulikana kwa mambo mawili: maandazi yake yalikuwa makubwa, na yeye mwenyewe alikuwa hanyamazi.

"Dada, leo umekuja na uso wa msiba. Kaa. Chai iko motoni."

Subilaga hakukaa. "Atu, kesho kutwa usiende..."

Ulimi ukafa. Aliusikia umekuwa mzito na mpana, umeziba mdomo kama kipande cha nyama isiyotafunika. Akajaribu njia nyingine. Akashika kipande cha mkaa achore ukutani mlima na bonde. Vidole vikalegea, mkaa ukaanguka. Akainua mkono aelekeze upande wa gulio. Mkono ukaganda hewani, kisha ukashuka.

Atupele aliacha kukanda. "Una nini?"

Kufuli lilimruhusu kusema uongo. Hilo lilimuuma kuliko yote. "Nataka twende mjini kesho kutwa. Mimi na wewe. Nikununulie viatu."

"Siku ya gulio? Umerogwa? Nani atawapa watu chai?"

"Gulio moja tu, Atu. Nakuomba."

"Na linalofuata? Utaninunulia viatu kila wiki?" Atupele akacheka, kisha kicheko kikakatika alipoona dada yake anatoa machozi bila neno. "Sema basi! Mbona unanitazama hivyo? Ni kazi yako hiyo, eh? Hiyo kazi yenu ya kunong'ona. Tangu uingie huko umekuwa mgeni. Mama alipokuwa hai hukuwa hivi."

"Siwezi kusema."

"Basi usije kwangu kulia kitu usichoweza kusema."

Subilaga alitoka na hasira. Hakumkasirikia mdogo wake. Alikasirikia kwamba maneno matatu tu, hewa hiyo inaua, yalikuwa mdomoni mwake, na hayakuwa yake.

*

Kesho yake aliingia ofisini kwa Mzee Chilongani bila kubisha hodi.

"Shikamoo, mzee. Nifungue."

"Marahaba. Keti."

"Sikuja kuketi. Umesoma taarifa yangu?"

"Nimeisoma. Na nyingine nimeandika mimi." Alivua miwani. "Niliwaomba walihamishe gulio kwa kisingizio chochote. Barabara, kipindupindu, lolote. Wakubwa wakakataa. Wanasema gulio likihama, watu watauliza kwa nini, na swali hilo litapanda mlimani mpaka mlangoni kwetu."

"Basi punguzeni shinikizo la mwamba."

"Tuimwage akiba yote? Wiki hii, wakati majirani wanapeleka majeshi mpakani?" Akageukia dirishani. "Nilikuwa na mdogo wangu, Madeje. Alikuwa mlinzi kwenye kituo kimoja cha bondeni. Mkandarasi mmoja alilewa, akawaringia wenzake baa kwamba anajua umeme wa mkoa unatoka wapi. Neno moja tu, mhandisi. Baada ya siku chache kituo kilipigwa. Nilimzika Madeje kwa kumtambua mkanda. Usidhani nalinda karatasi. Nalinda watu ambao hutawaona kamwe."

Subilaga alimwamini. Hilo ndilo lililofanya jambo liwe gumu. Angekuwa mtu mbaya, angemtukana akaondoka na moyo mwepesi.

"Na hawa ninaowaona, mzee, nani anawalinda?"

Chilongani alipangusa miwani kwa pindo la shati.

"Hakuna njia ya kulifungua?"

"Kufuli hufunga siri. Jambo likishasemwa hadharani na mtu mwingine, mbele ya watu, si siri tena, na kufuli huliachia lenyewe. Ndivyo lilivyoundwa. Lakini wanaolijua jambo hili ni waliofungwa kufuli kama wewe, na maafisa." Akavaa miwani tena. "Na maafisa hawasemi."

"Hata ukiona wanaanguka?"

"Nenda nyumbani, binti yangu. Upepo unaweza kuvuma."

Subilaga aligeuka mlangoni. "Mzee, kuna kifungu chochote kwenye mkataba kinachonikataza kuketi?"

"Kuketi?"

"Kuketi. Mahali popote, kama raia yeyote."

"Hakipo," Chilongani alisema, na alichelewa kuelewa. Alipoelewa, mhandisi alikuwa ameshaondoka.

*

Siku ya gulio ilipambazuka bila upepo. Ukungu ulilala juu ya Ikapilo. Subilaga alifika wa kwanza, kigoda mkononi. Alishuka mpaka chini, penye bomba, akakiweka chini na kuketi.

Hapo angesimama wima, kichwa chake kingekuwa juu ya hewa ile. Akiwa ameketi, ilimfika kidevuni na ilikuwa ikipanda. Alijua dalili zake zote kwa mpangilio: uchachu puani kama wa soda, kifua kuanza kupiga mbio bila kukimbia, kichwa kubana. Baada ya hapo asingeweza kutegemea miguu yake. Alijua pia kwamba kufuli lilikuwa likipeleka mapigo ya moyo wake moja kwa moja kwenye meza ya Mzee Chilongani. Aende akayasome.

Akina mama wa kwanza walitokea juu, mizigo kichwani. Aliwapokea kwa matusi.

"Rudini huko! Leo mahali hapa ni pangu! Nani amewaita?"

Kuwaita watu wavivu, wachafu na wezi wa ndizi halikuwa jambo la kituo, na ulimi ukamtii vizuri. Wakasimama ukingoni kwa mshangao. Mmoja akacheka. Mwingine, mama mnene aliyeitwa Mama Lugano, akatua mkungu wake wa ndizi na kusema, "Huyu si dada yake Atupele? Msomi yule? Masikini, kichwa kimeruka."

"Kimeruka, ndiyo! Na mtakaoshuka nitawauma!"

Wakabaki juu, wakiongezeka. Subilaga aliwahesabu kwa macho mpaka yakaanza kumchezea. Pumzi zilikuja fupi fupi sasa.

Ndipo gari la Idara lilipofunga breki barabarani na Mzee Chilongani akashuka bila koti. Alisukuma watu mpaka ukingoni, na walipotazamana, hakuna aliyejifanya haelewi.

"Mhandisi, panda juu."

"Sipandi."

"Nakuamuru."

"Mimi ni mkandarasi, mzee. Nimemaliza zamu."

"Unajua kwa nini nakwambia upande!"

"Najua." Alihema. "Na wewe unajua. Sasa waambie na hawa."

Watu wakageuka wakamtazama mzee. Aliinua kiganja. "Mkataba wako..."

"Mkataba wangu haukunikataza kuketi!" Alitaka kupaza sauti, ikatoka nyembamba. "Nimeutii kila neno. Ulimi wangu mmeufunga, sawa. Wa kwako nani kaufunga?"

Chilongani alitazama chini, akatazama mlima. Labda alikuwa akimuona Madeje. Subilaga, katika giza lililoanza kuzunguka kingo za macho yake, alijiambia kwamba mzee atamwacha afe, na kwamba hata hivyo hatasimama.

Ndipo ikaja sauti aliyoiogopa.

"Dada! Dada, una nini?"

Atupele alikuwa amefika na beseni la maandazi. Alilitupa. Alianza kuteremka mbio, na nyuma yake Mama Lugano, na wanawake wengine wawili, kwa sababu hakuna mwanamke wa Ikapilo anayeona mwenzake anakimbilia mgonjwa akabaki amesimama.

Subilaga alijua papo hapo kwamba alikuwa amekosea. Alikuwa ameyaweka rehani maisha yake, akasahau kwamba ana mtu anayempenda. Alitaka kupiga kelele, rudi, Atu, rudi, lakini safari hii neno lilibeba ukweli mtupu, bila uongo wala tusi la kulifunika. Ulimi ukawa jiwe. Alitaka kuinua mikono. Mikono ikalala mapajani. Kufuli lilikuwa likifanya kazi yake kwa uaminifu kamili. Aliweza tu kumtazama mdogo wake akija, kanga ikipepea, akikaribia mstari asiouona.

"Simama!"

Sauti ile ilipasuka kama mti unaovunjika. "Simameni! Msishuke! Hewa hiyo inaua!"

Atupele akasimama, mguu mmoja mbele.

"Ni hewa ukaa," Mzee Chilongani alilia. Machozi yalikuwa yakimtiririka na hakuyapangusa. "Inavuja mlimani. Kuna kituo cha umeme cha serikali mle ndani, kinaishindilia mapangoni kwa pampu, na mwamba umepasuka. Ndiyo iliyoua mbuzi. Rudini juu, mama zangu, rudini wote!"

Kisha akavuta pumzi, akaibana, akateremka yeye mwenyewe kwa hatua ndefu, kichwa juu kama mtu anayevuka mto. Alimshika Subilaga makwapani na kumburuta mpaka kwenye nyasi za ukingoni, ambako wote wawili walianguka.

*

Subilaga alikohoa na kutapika. Kichwa kilimpasuka. Lakini kitu kilikuwa kimebadilika mdomoni: joto lilikuwa likirudi ulimini kidogo kidogo, kama damu inavyorudi kwenye mguu uliokufa ganzi. Aliuinua, akaugusisha kwenye meno. Atupele alikuwa amempakata, akimpiga piga mashavu.

"Kaa mbali na bomba, Atu," alisema, na akaanza kulia kwa kusikia sauti yake mwenyewe ikiyasema maneno hayo. "Kaa mbali na bomba asubuhi isiyo na upepo."

"Nimesikia, dada. Nimesikia."

"Hujasikia bado. Nikalisheni."

Wakamkalisha. Watu walimzunguka, mizigo yao chini, na akawaambia. Aliwaambia kuhusu mapango, pampu, na ufa wa mashariki. Aliwaambia aliandika lini na alijibiwa nini. Aliwafundisha kuwasha kibatari na kukishusha kwa kamba kabla ya kushuka wenyewe, kwamba kikizimika wasiendelee, na kwamba watoto na wanyama huanguka kwanza kwa sababu pua zao ziko chini. Hakutaja majina ya walinzi, wala milango ya kituo. Hayo hayakuwahusu, na kufuli bado liliyashikilia, na safari hii alikubaliana nalo.

"Na adui akisikia?" aliuliza mwanamume mmoja nyuma. "Si mlima wetu utapigwa?"

Subilaga alimtazama Mzee Chilongani, aliyekuwa ameketi nyasini na viatu vyake vimejaa tope. Hakutaka kumdanganya mtu tena.

"Huenda ukapigwa," alisema. "Sitawaambia haiwezekani. Lakini hilo mlipaswa kuulizwa nyinyi mnaolala chini yake. Adui akija, sasa atawakuta hai."

Askari wa kituo walifika wakati huo kwa magari mawili. Sajenti wao, kijana mwenye aibu, alisimama mbele ya umati.

"Nani ametoboa siri ya serikali hapa?"

Subilaga alifungua mdomo, lakini Chilongani alimtangulia. Alisimama kwa shida, akavua kitambulisho chake shingoni na kumkabidhi.

"Mimi. Mhandisi hakuvunja hata herufi moja ya mkataba wake. Andika hivyo, na uandike nilikuwa na akili timamu."

"Mzee, hata hivyo amri ni kumchukua na yeye. Na watu watawanyike."

Akapiga hatua kumwendea Subilaga. Atupele hakunyanyuka. Alisogea tu, akakaa mbele ya dada yake. Mama Lugano akaketi karibu yake, akiuvuta mkungu wake wa ndizi kama mtu anayetengeneza meza. Wengine wakafuata, mmoja baada ya mwingine, wakakunjia kanga zao magotini, mpaka kati ya sajenti na mhandisi hapakuwa na pa kukanyaga.

"Mama zangu," sajenti alisema, "tafadhali. Nina amri."

"Tunakusikia, baba," Mama Lugano alimjibu bila kumgeukia. "Utamchukua, hatukatai kuwa una kazi. Lakini msubiri amalize. Mimi hapo penye mwamba kuchoka sijaelewa vizuri, na wale wa kijiji cha Lwifwa ndio kwanza wanafika."

Sajenti alitazama nyuso zile, akatazama bonde chini yake, kigoda kikiwa peke yake penye ukungu. Akarudi nyuma hatua moja kutoka ukingoni. Kisha akavua kofia.

Subilaga alivuta pumzi safi, ndefu, akangoja wanawake wa Lwifwa watue mizigo yao, akaanza upya tangu mwanzo, polepole.